Nukta Zilizoanguka



Jamaa zangu wa Maskati, wa Dubai, wa London na popote mlipo, makala haya nayaandika nikijua kuwa wapo watakaoniona nimekosa adabu. Kibao cha ukumbusho kilichogawiwa nyumba arubaini za ukoo wetu sikukubali kukitundika ukutani, na tangu siku ya pili ya Idi naulizwa sababu. Nimejibu kwa simu mara nyingi, na kila mara nimejibu nusu kwa kuchelea kuwaudhi wakubwa na kuwavunja moyo vijana. Leo najibu kwa ukamilifu, na sitamung'unya maneno.

Kwa wasiokuwapo, kisa ni hiki. Kamati ya ukoo iliamua kwamba kila nyumba ipate kumbukumbu ya ule mlango wa Mji Mkongwe, mlango wa nyumba aliyoijenga babu yetu mkuu, ambao kizingiti chake cha juu kimechongwa Basmala, kisha jina lake, kisha mwaka 1302 wa Hijria. Kijana wetu mmoja alikwenda Unguja akaupiga picha kwa simu yake. Watoto wa ami wawili, ambao wamenunua mashine ya leza na kuiweka gereji, wakaitia picha ile katika kompyuta, wakachoma nakshi za miimo juu ya ubao wa MDF, wakakata herufi za maandishi kwa akriliki ya rangi ya dhahabu, na kuzibandika juu. Ukikitazama kibao kwa mbali kinapendeza. Kadi iliyofuatana nacho ilisema: nakshi ya asili ya Zanzibar.

Mimi nami nilikipenda, na ningekitundika siku ileile, lau si shangazi yetu.

Shangazi ana zaidi ya miaka themanini. Alisomeshwa chuoni Unguja, na Kiswahili chake chote mpaka leo hukiandika kwa herufi za Kiarabu. Hizi tunazoandikia sisi humchosha macho. Nilimwekea kibao mapajani. Alikishika kwa mikono miwili, akakitazama kitambo, akakigeuza juu chini, akakirejesha.

"Mwanangu, hii lugha gani?"

Nikamwambia, shangazi, huo ni mlango wa babu.

"Mlango naujua. Nimeupita toka nimo tumboni mwa mamangu hadi siku tuliyotoka. Nakuuliza maandishi haya ni ya lugha gani. Na nukta zake ziko wapi?"

Hapo ndipo nilipovaa miwani.

Maandishi yote hayakuwa na nukta hata moja. Ba, ta na thaa, kila mojawapo ikisimama peke yake bila nukta, ni bakuli lilelile tupu. Na zikiwa katikati ya neno, nuni na yaa nazo hujiunga nao, zote zikawa jino moja lisilojulikana la nani. Jina la babu yetu lina thaa. Nukta tatu za thaa hiyo hazikuwapo. Isitoshe, herufi hazikushikana. Kila moja ilisimama peke yake kama mtoto anayejifunza alifu kwa kijiti, ilhali maandishi ya Kiarabu hayana namna hiyo. Herufi zinazopasa kushikana zisiposhikana, msomaji hana neno, ana orodha ya herufi. Na mwaka uligeuka. 1302 imekuwa 2031, mwaka wa Hijria ulio karibu karne sita mbele yetu. Kisha, kwa kuwa sifuri ya Kiarabu ni nukta, na nukta zote zilikwisha kupotea, hata huo 2031 haukusalimika: kibao kinasema 231. Kwa ushahidi wa nyumba arubaini, babu yetu alijenga Unguja katika zama za Bani Abbasi.

Wakubwa walipoambiwa, walisema la kusema: haya ndiyo mambo ya mashine, na kazi ya mkono haina badala. Vijana nao wakasema: huu ni urembo tu, nani atakayesoma? Kauli zote mbili nazikataa, na ya pili ndiyo iliyoniuma zaidi, kwa sababu aliyesoma yupo, na alikuwa ameketi chumba cha pili wakati maandishi yakikatwa.

Nianze na wakubwa. Mashine haina lawama. Nimekwenda gereji, nimekaa usiku mara tatu pamoja na wale vijana, nimejifunza programu zake kwa kadiri ya umri wangu. Mashine yao ni ya bomba la gesi ya kaboni dayoksaidi, aina iliyobuniwa na Mhindi, Kumar Patel, alipokuwa akifanya kazi katika maabara za Bell huko Marekani mwaka 1964. Mwaka huo wasomaji wa ukurasa huu hawahitaji kuelezwa. Mwale usioonekana kwa macho hutoka katika bomba, hupigwa na vioo, hushuka kupitia lenzi, na palipokutana mwale na ubao, ubao huungua. Ni hilo tu. Wapi uungue, kwa mwendo gani, kwa nguvu gani na mara ngapi, huamuliwa na programu, na programu huamuliwa na mchoro. Kila mstari wa mchoro hupewa rangi, na kila rangi ni amri: wa bluu ukate mpaka chini, mwekundu uchore juu juu, mweusi ujaze eneo zima kwa mistari iliyobanana. Mashine iliyotolewa mchoro mbovu huukata ubovu huo kwa usahihi wa sehemu ya kumi ya milimita. Patasi mkononi mwa asiyejua kusoma nayo ingeukosea mwaka.

Basi tuutafute ubovu ulipoingia, kwani mahali pake panajulikana.

Uliingia kwanza katika picha. Programu hizi zina amri ya kufuatisha picha: unatia picha, unabonyeza, na kompyuta inazunguka mipaka ya palipo peusi na palipo peupe, kisha inakupa mistari. Amri hii ni nzuri kwa mhuri au kwa maandishi meusi juu ya karatasi nyeupe. Mlango uliochongwa hauna weusi na weupe. Una mti wa rangi moja na vina mbalimbali, na kinachotuonyesha ua ni kivuli chake. Fundi aliposhika patasi aliondoa mti wa nyuma ili ua libakie limeinuka, na jua likipita juu yake asubuhi kivuli huangukia upande huu, alasiri upande wa pili. Kijana wetu alipiga picha alasiri, tena kwa pembeni, kwa sababu barabara ni nyembamba na hakuwa na pa kurudi nyuma. Kwa hiyo kompyuta haikufuatisha ua. Ilifuatisha kivuli cha saa tisa na nusu. Wale samaki wa chini ya mwimo wamekuwa na mkia upande mmoja tu, na mnyororo wa pembeni, ambao shangazi anasema alikuwa akizihesabu pete zake kwa kidole alipotumwa dukani, umekatika mahali ambapo kivuli cha waya wa umeme kilipita juu ya mlango. Waya wa umeme, jamaa zangu, sasa ni sehemu ya turathi zetu. Umechomwa katika nyumba arubaini.

Yalipotakiwa yaonekane kama yana kina, walitumia njia nyingine, ile ya kuichoma picha kwa daraja za rangi ya kijivu, kwamba penye weusi mwingi mwale uongezewe nguvu na penye weupe upunguzwe. Njia hii inafaa iwapo wewe mwenyewe umeuchora weusi ukimaanisha kina. Ukiipa picha ya mlango, inachukua kila kivuli kuwa shimo. Jani lililoinuka lakini limekaa kivulini linazamishwa, na bonde lililopigwa na jua linainuka. Nimeyatazama mawaridi ya kibao chetu kwa kioo cha kukuzia. Yamepinduliwa ndani nje.

Kisha ukaja ubovu wa pili, wa maandishi, na hapa nawaonea vijana huruma kidogo, maana mtego huu ulinikamata na mimi. Waliandika maneno ndani ya programu iliyokuja na mashine, isiyojua Kiarabu. Ilizipanga herufi kutoka kushoto kwenda kulia, kila moja kwa umbo lake la pekee. Kijana mmoja, ambaye angalau alijua kuwa Kiarabu huanzia kulia, akaugeuza mstari mzima kwa mkono, herufi kwa herufi, na tarakimu ndani yake. Lakini tarakimu haziendi pamoja na herufi. Hata ndani ya Kiarabu, elfu hukaa kushoto na mamoja kulia. Ndipo 1302 ikawa 2031. Lilikuwa kosa la mtu mwenye bidii, na ndiyo maana limeniuma.

Zipo programu zinazoijua hati yetu. Nimetumia Inkscape, ambayo haiuzwi, na nikaandika Basmala ikashikana vizuri, nukta zikakaa mahali pake. Nikadhani nimemaliza. Nikageuza maandishi kuwa maumbo, nikayapeleka kwenye mashine, na neno likatoka vipande vipande! Sababu ni kwamba machoni herufi zimeshikana, lakini kwa kompyuta kila herufi ni umbo lenye mpaka wake, na mipaka hiyo hupandana kwenye viungo. Mwale hufuata kila mpaka, basi huvikata viungo vyote. Sharti kwanza kuteua maneno yote na kutoa amri ya kuunganisha maumbo, mpaka neno liwe na mpaka mmoja wa nje. Ni kubonyeza mara moja. Ila lazima ujue kwamba neno linapasa kushikana.

Na nukta? Nukta zilikatwa. Hili ndilo lililonishangaza kuliko yote. Ubao na akriliki hukatiwa juu ya kitanda cha wavu kama sega la nyuki, ili moshi upite. Nukta ya herufi ndogo ni chembe ya milimita tatu. Ikishakatwa haina kinachoishika, hupita katika tundu la sega na kuangukia trei ya takataka. Tulipoivuta ile trei, tulizikuta nukta za nyumba arubaini chini yake, zimechanganyika na majivu, zikimeta. Walikuwa wamekwisha kumwaga trei ya kwanza. Waliziona, wakadhani ni vipande vya ziada.

Dawa yake ipo na ni ya zamani kuliko leza: unaacha daraja jembamba kati ya nukta na herufi, au unakata maandishi kama tundu badala ya kuyakata kama kipande. Ukichagua tundu basi kumbuka macho ya mimu, ya wau na ya fa, maana hayo nayo yataanguka usipoyafungia. Mtu anayejua kuwa nukta ni herufi atatafuta njia ya kuishika. Asiyejua ataimwaga.

Hapa najibiwa: mafundi wa zamani nao walinakili. Ni kweli, tena kweli kubwa. Milango ya Unguja imebeba mitindo ya Uhindi, ya Uarabuni na ya pwani yenyewe, na fundi mmoja alirudia ua lilelile nyumba kumi. Sina ugomvi na kunakili. Fundi aliyenakili kwa patasi hakuweza kulipiga jani bila kujua linaanzia wapi na linapita juu ya nani, kwa sababu asingejua kiasi gani cha mti akiondoe. Kitufe cha kufuatisha kinatuondolea ulazima huo wa kujua, na sisi tukashukuru kuondolewa. Nayasema haya na kwa nyumba nyingine za ukoo wetu na za jirani zetu, ambazo kuta zao zimejaa milango ya Zanzibar iliyopakuliwa tayari kwenye intaneti, yenye nakshi ambazo kwangu zafanana zaidi na mapambo ya kadi za harusi. Mmekata mlango wa nani?

Najibiwa pia kwamba vijana angalau wamefanya, na mimi naandika tu. Nakubali nusu ya hilo. Hawakulipwa, walichoma vidole, na moshi wa gundi ya MDF waliuvuta wao. Lawama kubwa naiweka juu yetu sisi wa rika la kati, tulioketi katika Kamati. Tulijadili rangi ya akriliki kwa mikutano miwili. Hakuna aliyependekeza kwamba mchoro uonyeshwe kwa mtu anayeujua mlango. Nami nilikuwamo, nilichagua dhahabu.

Wapo watakaosema nakuza jambo dogo. Wakumbuke kuwa nyumba ile si yetu tena, mlango unanyeshewa, na mwimo wa kushoto umeanza kuliwa na mchwa chini. Beit al-Ajaib yenyewe, iliyojengwa mwaka 1883, yaani miaka ileile ya mlango wetu, sehemu yake iliporomoka tarehe 25 Desemba 2020, na hiyo ilikuwa jumba la serikali ndani ya mji ulioandikwa na UNESCO kuwa urithi wa dunia tangu mwaka 2000. Mlango wa babu yetu hauna wa kuuandikia. Ukiondoka, wajukuu wetu watakuwa na kibao. Mtoto aliyezaliwa Maskati au Birmingham atamwambia mwenziwe, huu ndio mlango wetu, na atakuwa anaonyesha jina ambalo si la mtu, mwaka ambao haukuwa, na kivuli cha waya.

Kwa hiyo nimeiandikia Kamati, na nayarudia hapa mbele ya wote ili yasiishie mezani. Vibao vyote virudishwe. Mlango upimwe upya kwa futi ya chuma na kupigwa picha uso kwa uso, sehemu moja moja, kukiwa na mawingu, wakati ambapo vivuli ni hafifu. Jamaa yetu wa Kikwajuni amekubali, na amekubali pia kuuliza wenyeji wa nyumba kwa heshima kabla ya kutoa futi mfukoni. Nakshi zichorwe kwa mkono ndani ya programu, nodi kwa nodi, picha ikiwekwa chini kama karatasi ya kufuatia tu. Samaki mmoja alinichukua saa mbili. Alipokwisha nilijua kwa nini magamba yake yanapishana. Kina kitengenezwe kwa mbao nyembamba tatu zilizokatwa mbali mbali na kupandanishwa, ua juu, shina katikati, ardhi chini, maana mwale unashuka kutoka juu na hauwezi kupita chini ya jani kama patasi.

Maandishi yasikatwe kabla shangazi hajayasoma kwenye karatasi na kusema ndiyo.

Mchoro usibaki ndani ya faili la programu ya mashine peke yake. Tumekwisha kuwa na sanduku la barua la bibi lililofungwa na ufunguo ukapotea njiani. Hatuhitaji la pili. Nakala ihifadhiwe kwa mfumo wa SVG, ambao ni wazi tangu mwaka 2001 na ambao ndani yake ni maandishi matupu, kila pembe na kipimo chake, hata mtu asiye na programu yoyote ya leza aweze kuufungua. Nyumba zote arubaini zipewe. Na nyuma ya kibao paandikwe bila haya kwamba kimekatwa kwa leza Maskati, kimechorwa na fulani na fulani, kwa vipimo vya mlango wenyewe, tarehe kadha. Ile kadi ya nakshi ya asili itupwe.

Watoto wa ami wamenikasirikia kwa siku tisa. Siku ya kumi mkubwa wao alikuja nyumbani na kompyuta yake, akaketi sakafuni mbele ya shangazi, akaikuza thaa mpaka ikajaa kioo. Shangazi akaweka kidole juu ya kila nukta. "Hii iko juu mno," akasema. "Ishushe." Akaishusha. "Bado." Akaishusha tena.

Kikao cha pili ni Alkhamisi baada ya Alasiri, nyumbani kwangu Seeb. Mwenye picha ya mlango ule iliyopigwa kabla ya 1964, hata ikiwa imekunjika au imeliwa na unyevu, hata ikiwa mlango unaonekana nyuma ya mabega ya watu tu, naomba aje nayo. Mwimo wa kushoto, sehemu ya chini, hatuna.